Saa Chache za Admirali

Februari 1892, mzee wa miaka 100 alifariki kusini mwa Uingereza akiwa bado kwenye orodha ya maofisa walio kazini. Aliitwa Provo Wallis, na alikuwa ameshika cheo cha juu kabisa katika jeshi la majini la nchi hiyo. Mshahara wake ulikuwa ukiingia bila kukatika, ingawa hakuwa ametia mguu vitani kwa muda mrefu mno. Sababu ilikuwa siku sita za Juni 1813.

Siku ya kwanza ya mwezi huo, manowari Shannon ya Waingereza ilikutana na Chesapeake ya Wamarekani nje ya bandari ya Boston. Pambano lilikwisha kwa muda wa robo saa hivi, na katika robo saa hiyo watu zaidi ya 200 wa pande zote mbili waliuawa au kujeruhiwa. Nahodha wa Shannon alipigwa upanga wa kichwa, luteni wake wa kwanza akauawa, na amri ikamwangukia Wallis, kijana wa miaka 22. Akaifikisha meli Halifax, Kanada, mji aliozaliwa, pamoja na ile waliyoiteka. Miongo mingi baadaye, serikali ilipopanga upya utaratibu wa kustaafu, iliamua kwamba ofisa aliyewahi kuamuru meli katika vita vile vya zamani asiondolewe kazini kwa sababu ya umri. Siku sita zile zikamlipa Wallis mpaka anaingia kaburini.

Maisha ya maadmirali wengi yanafanana na hayo. Mtu hutumika miaka 30 au 40, halafu zinakuja saa chache zinazoamua jina lake litasomwaje. Wanahistoria huzishika saa hizo na kuiacha miaka. Wakati mwingine huzishika saa hizo upande mmoja tu, ule wa sitaha, na kuwasahau waliokuwa nchi kavu mbele ya midomo ya mizinga. Hasara ni mbili, na pwani ya Afrika Mashariki inaijua vizuri hiyo ya pili.

Katika karne ya 18, mtoto wa Kiingereza aliyetakiwa awe admirali alianza mapema. Horatio Nelson aliingia melini akiwa na miaka 12, chini ya mjomba wake aliyekuwa kapteni. Wallis mwenyewe aliandikwa kwenye daftari la meli akiwa na miaka minne. Baba yake, karani wa jeshi la majini huko Halifax, alitaka mwanawe aanze kuhesabiwa miaka ya utumishi kabla hata hajajua kusoma. Kijana alijifunza kupanda milingoti, kupima jua, kusoma upepo, kisha akafanya mtihani wa uluteni. Kutoka hapo hadi ukapteni palihitaji ushujaa, au jamaa mwenye sauti, au vyote viwili. Lakini akishakuwa kapteni kamili, ngazi iliyobaki ilipandwa kwa kusubiri. Jina lake lilisogea mbele pale aliyemtangulia kwenye orodha alipokufa au kupandishwa. Aliyeishi muda mrefu alifika. Aliyekufa mapema hakufika, hata angekuwa hodari kiasi gani.

Nelson alipata ukapteni akiwa na miaka 20. Hata hivyo, kati ya 1788 na 1793 alikaa nyumbani kwa baba yake, mchungaji wa kanisa huko Norfolk, akila nusu mshahara na kuandika barua za kuomba meli. Alipandishwa kuwa rea-admirali mwaka 1797. Wengine walifikishwa kwenye cheo hicho kwa umri tu, wala hawakupewa kikosi. Vikosi vya Uingereza vilikuwa na bendera za rangi tatu, nyekundu, nyeupe na buluu. Hao wasio na kikosi waliitwa maadmirali wa njano, kwa kuwa bendera ya rangi hiyo haikuwapo.

Mfano bora wa miaka isiyoandikwa ni Cuthbert Collingwood. Yeye na Nelson walikuwa marafiki tangu ujana, na tarehe 21 Oktoba 1805, huko Trafalgar, kila mmoja aliongoza safu yake kuikabili mistari ya Wafaransa na Wahispania. Meli ya Collingwood, Royal Sovereign, ilikuwa imefanyiwa matengenezo siku si nyingi, ikawa na mbio kuliko nyingine zote. Ilitangulia kufika kwa adui na kupigana peke yake kwa dakika kadhaa kabla wenzake hawajaifikia. Nelson alipigwa risasi akafa jioni ile, na amri ya kikosi chote ikawa mikononi mwa Collingwood. Wengi humuacha hapo.

Lakini ushindi wa siku ile ulikuwa umetayarishwa kwenye maisha ya kila siku ya mabaharia. Kwenye Dreadnought, meli aliyoiongoza kabla ya Royal Sovereign, Collingwood alikuwa amewazoeza wapiga mizinga wake hadi wakaweza kufyatua mizinga ya ubavu mzima mara tatu katika dakika tatu na nusu. Meli nyingi za wakati ule hazikukaribia kasi hiyo. Mtu anayejua kazi ya mzinga wa zama hizo ataelewa maana yake. Mzinga ukifyatuka unarudi nyuma kwa nguvu ya kuvunja miguu. Unapaswa kusafishwa tundu kwa maji ili cheche isibaki, utiwe baruti, utiwe tonge la chuma, usukumwe tena dirishani kwa kamba na mabega ya watu, ulengwe, ndipo uwashwe. Yote hayo hufanyika ndani ya moshi, chini ya dari inayomlazimisha mtu kuinama. Kasi ile ilitoka kwenye mazoezi ya miezi na miezi, siku ambazo hakuna adui aliyeonekana.

Pia ilitokana na namna alivyowatendea watu. Katika jeshi lililotandika mijeledi kwa makosa madogo, Collingwood alichukia adhabu hiyo na kuitumia kwa nadra. Mkosaji alinyimwa pombe yake ya siku au akaongezewa kazi. Mabaharia, ambao wengi walikuwa wamekamatwa mitaani na kulazimishwa kuingia melini, walimtii kwa sababu walijua hatawaonea.

Gharama yake aliilipa nyumbani. Alimwoa Sarah Blackett mwaka 1791, wakapata binti wawili, na tangu vita na Wafaransa vilipoanza upya mwaka 1803 hakuwaona tena. Baada ya Trafalgar alipewa amri ya Bahari ya Mediterania, akawa anazilinda bandari za Wafaransa zisifunguke na kuandikiana barua na masultani, wafalme na magavana wa pwani zote mbili za bahari ile. Inaandikwa kwamba kuna wakati alikaa baharini miezi 22 bila meli yake kutia nanga hata mara moja. Alilea binti zake kwa kalamu, akieleza wasome nini na wajifunze hesabu. Mwenzake wa faraja alikuwa mbwa wake, Bounce, na mwaka 1809 mbwa huyo naye alitumbukia baharini akapotea.

Alipokuwa bado anapata likizo, Collingwood alitembea vilimani kwao kaskazini mwa Uingereza na mbegu za mwaloni mfukoni. Akiona mahali panafaa, alizifukia, ili taifa lisije likakosa mbao za kujengea manowari. Mwaloni unahitaji takribani karne moja kukomaa. Mwaka 1860, mialoni yake ikiwa bado michanga, Uingereza ilishusha majini Warrior, manowari yenye kiunzi na ngao ya chuma.

Mwili ulipoanza kumchoka aliomba aruhusiwe kurudi. Wakubwa wake wakamjibu kwamba hakuna wa kushika nafasi yake. Alipopata ruhusa hatimaye, Machi 1810, alikuwa hawezi hata kusimama vizuri. Meli iliondoka Port Mahon, kisiwani Minorca, tarehe 6. Kesho yake akafariki akiwa njiani. Alizikwa London katika kanisa la St Paul's, karibu na Nelson. Binti zake waliagana naye wakiwa watoto wadogo, hawakumwona tena.

Serikali zinazodai utumishi wa namna hiyo hazina huruma pale saa chache zinapokwenda kombo. Maji ya Minorca hayohayo ndiyo yaliyommaliza Admirali John Byng. Mei 1756 alitumwa kukiokoa kisiwa hicho akiwa na meli chakavu na watu pungufu. Akapigana na Wafaransa bila kushinda wala kushindwa wazi, akaamua kurudi Gibraltar. Minorca ikaanguka. Mahakama ya kijeshi iliona hakuwa mwoga wala msaliti, ila hakufanya yote aliyoweza, na kosa hilo kisheria lilikuwa na adhabu moja tu. Majaji wenyewe walimwombea msamaha, mfalme akakataa. Tarehe 14 Machi 1757, kwenye sitaha ya Monarch bandarini Portsmouth, Byng alipiga magoti juu ya mto na kuangusha leso kwa mkono wake mwenyewe, ishara kwa askari kwamba wafyatue.

Wamarekani hawakumpiga risasi Husband Kimmel, lakini walimzika akiwa hai. Asubuhi ya Jumapili tarehe 7 Desemba 1941, ndege za Wajapani zilishambulia Pearl Harbor, na Wamarekani 2,403 wakafa. Kimmel, kamanda wa kikosi cha Pasifiki, aliondolewa siku kumi baadaye, akashuka kutoka nyota nne hadi mbili. Aliishi hadi 1968 akitafuta kusafishwa jina, na familia yake imeendelea kudai nyota zile hata baada ya kifo chake.

Aliyechukua nafasi yake, Chester Nimitz, alikuwa na doa lake mwenyewe. Julai 1908, akiwa ofisa kijana huko Ufilipino, aliipandisha manowari Decatur juu ya tope, ikanasa. Alishitakiwa, akapewa barua ya karipio, kisha akaachwa aendelee na kazi. Jeshi lisilojua kusamehe lingempoteza pale pale mtu ambaye tarehe 2 Septemba 1945 alitia saini, kwa niaba ya Marekani, hati ya Japani ya kusalimu amri. Pengine ni kumbukumbu ya tope lile iliyomfanya, alipofika Pearl Harbor na kuwakuta maofisa wa Kimmel wamejiinamia wakisubiri kufukuzwa, awaambie wabaki kazini. Aliwahitaji, na alijua kwamba asubuhi moja mbaya haifuti maarifa ya miaka.

Hakuna kisa kinachoonyesha uzito wa miaka kuliko kile cha wanaume wawili waliozaliwa mwaka mmoja, 1848: Zinovy Rozhestvensky wa Urusi na Tōgō Heihachirō wa Japani.

Oktoba 1904, Urusi ikiwa vitani na Japani, Rozhestvensky aliondoka Bahari ya Baltiki na meli zaidi ya 40 kwenda upande wa pili wa dunia, safari ya maili 18,000 za baharini. Hakuwa na bandari hata moja ya kwake njiani. Mabaharia wake wengi walikuwa wakulima waliovaa sare juzi, na baadhi ya manowari zake zilikuwa zimetoka kiwandani bila kufanyiwa majaribio ya kutosha. Wiki moja tangu kuanza safari, usiku, katika Bahari ya Kaskazini, waliziona mashua za wavuvi wa Kiingereza kutoka Hull, wakazidhania ni boti za Wajapani, wakazifyatulia mizinga. Wavuvi walikufa, Uingereza nusura iingie vitani, na meli za Kirusi zilipigana zenyewe kwa zenyewe gizani.

Mwanzoni mwa 1905 walitia nanga Nosy Be, kaskazini-magharibi mwa Madagaska, katika bahari yetu hii ya Hindi. Walikaa hapo zaidi ya miezi miwili, katika msimu wa mvua na joto kali. Makaa ya mawe waliuziwa na meli za Wajerumani, na kwa kuwa hawakuwa na uhakika wa kuyapata mbele, waliyarundika kila mahali: sitahani, kwenye korido, hata kwenye vyumba vya maofisa. Mabaharia walilala juu ya vumbi jeusi na kula juu yake. Maradhi yaliwaandama, mazishi yakawa jambo la kawaida. Ni huko Madagaska walikopata habari kwamba Port Arthur, ngome waliyokuwa wakienda kuiokoa, imekwisha kusalimu amri. Rozhestvensky, mtu mkali ambaye inasimuliwa alizitupa baharini darubini zake kwa hasira meli zilipokosea, aliugua na kujifungia chumbani. Wakubwa wake huko Petersburg hawakumruhusu kurudi.

Tōgō alikuwa na miezi hiyohiyo, akaitumia kukarabati meli na kuwazoeza wapiga mizinga wake. Alikuwa na miaka mingine zaidi nyuma yake: miaka saba ya masomo Uingereza, kuanzia 1871, na vita vya China vya 1894. Tarehe 27 Mei 1905, mchana, katika mlango wa bahari wa Tsushima, aligeuza safu yake yote mbele ya macho ya adui, meli moja baada ya nyingine mahali palepale, akijua kwamba kwa dakika kadhaa meli zake zitakuwa shabaha rahisi. Alikuwa amewapima Warusi, akajua hawatalenga sawasawa. Alipomaliza kugeuka, mizinga yake yote ya ubavu iliwaelekea. Kufikia siku ya pili, Warusi wapatao 5,000 walikuwa wamekufa na 6,000 wametekwa. Wajapani walipoteza watu 117 na boti tatu ndogo.

Rozhestvensky alijeruhiwa kichwani mapema, akahamishwa akiwa hana fahamu sawasawa, akatekwa. Tōgō alikwenda kumjulia hali hospitalini Sasebo. Hakumcheka, alimfariji kwamba askari aliyetimiza wajibu wake hana haya ya kushindwa. Mwaka uliofuata, mahakama ya Urusi ilimwachia Rozhestvensky kwa kuwa hakuwa na fahamu kikosi kiliposalimu amri, ijapokuwa mwenyewe alijitwika lawama. Akafa mwaka 1909. Tōgō aliishi hadi 1934.

Hukumu sahihi juu ya Tsushima ni hii: vita vilikwisha kabla havijaanza. Vilikwishia kwenye makaa ya Nosy Be na kwenye viwanja vya shabaha vya Tōgō. Kumtukuza mmoja na kumdhihaki mwingine kwa sababu ya alasiri ile moja ni kuwasahau waliowatuma, waliowalisha na waliowanyima.

Lakini maisha ya Tōgō yana asubuhi nyingine isiyotajwa sana. Agosti 1863, akiwa na miaka 15, alikuwa nchi kavu, kwenye mizinga ya kulinda mji wa Kagoshima, wakati manowari za Admirali Kuper wa Uingereza zilipoupiga mji huo. Nyumba za mbao na karatasi ziliungua kwa mamia. Ukoo uliotawala mji ule ulitafakari ulichokiona, ukanunua meli, ukapeleka vijana kusoma, na mmoja wa wavulana wa siku ile akawa admirali aliyebadilisha ramani ya Asia. Kabla hajajua bahari kutoka sitahani, Tōgō aliijua kutoka chini ya mabomu.

Zanzibar nayo ilikuwa na asubuhi yake.

Kisiwa hiki hakikuwa kigeni kwa mambo ya manowari. Sultani Seyyid Said alikuwa na kikosi kilichoheshimika katika Bahari ya Hindi, na mwaka 1840 meli yake Sultana, ikiongozwa na Ahmad bin Na'aman, ilifika New York. Mwanawe, Barghash, alirithi kikosi kilichodhoofika, kisha kimbunga cha Aprili 1872 kikazizamisha meli zake bandarini. Baadaye alijijengea Glasgow, meli ya kifahari iliyofanana na manowari ya Waingereza yenye jina hilo. Mwaka 1896 ndiyo iliyokuwa imetia nanga mbele ya ikulu.

Tarehe 25 Agosti mwaka huo Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki, na Khalid bin Barghash akaingia ikulu bila idhini ya Waingereza. Kesho yake mchana aliwasili Rea-Admirali Harry Rawson katika St George. Alikuwa mzaliwa wa Liverpool mwenye miaka 52, ameingia jeshini mwaka 1857 na kupigana China akiwa bado mvulana. Pwani hii aliifahamu: Agosti 1895 alikuwa ameongoza askari hadi Mwele, bara ya Mombasa, kuivunja ngome ya Mbaruk bin Rashid al-Mazrui. Sasa alikuwa na manowari tano. Khalid alipewa hadi saa tatu asubuhi ya tarehe 27 ateremshe bendera yake.

Hakuteremsha. Saa tatu na dakika mbili mizinga ilianza. Ikulu ilikuwa na sehemu nyingi za mbao, na ndani na kuizunguka walikuwamo watu wapatao 2,800, wakiwemo watumishi na watumwa, nyuma ya vizuizi vya masanduku na magunia. Glasgow ilijaribu kuijibu St George, meli kubwa kuliko yenyewe kwa kila kipimo. Ikatobolewa na kuzama, mabaharia wake wakaokolewa na mashua za Waingereza. Moto ulishika ikulu na Beit al-Hukm iliyokuwa jirani. Bendera iliangushwa kwa risasi kama saa tatu na dakika arobaini. Watu wapatao 500, wanaume kwa wanawake, walikuwa wameuawa au kujeruhiwa. Upande wa Rawson alijeruhiwa baharia mmoja, naye akapona.

Khalid alikimbilia ubalozi wa Wajerumani, akasafirishwa hadi Dar es Salaam. Waingereza walimkamata mwaka 1916 na kumpeleka uhamishoni Shelisheli na Mtakatifu Helena. Alifariki Mombasa mwaka 1927. Hamoud bin Mohammed alikalishwa kwenye kiti, na mwaka uliofuata hadhi ya kisheria ya utumwa ikafutwa Unguja na Pemba. Milingoti ya Glasgow ilibaki imechomoza majini mbele ya mji kwa miaka mingi, hadi mabaki yake yalipoondolewa mwaka 1912.

Rawson alitunukiwa nishani na Sultani mpya. Februari 1897, miezi sita tu baadaye, aliongoza msafara ulioteka mji wa Benin, Nigeria ya leo. Ikulu ya Oba iliporwa shaba zake ambazo bado zinadaiwa zirudishwe, na mji ukaungua. Akapewa cheo cha heshima cha "Sir", akapanda hadi admirali kamili, na kutoka 1902 hadi 1909 alikuwa gavana wa New South Wales, Australia. Alifariki London mwaka 1910.

Kwa hesabu ya jeshi lake, alikuwa admirali aliyefanikiwa: alitii amri, akamaliza kazi upesi, hakupoteza mtu Zanzibar. Hesabu hiyo si kamili. Dakika zile 38 au 40, ambazo vitabu hupenda kuzitaja kuwa vita vifupi kuliko vyote duniani, ziliua na kujeruhi watu zaidi ya ile robo saa ya Shannon na Chesapeake, na karibu wote wa upande mmoja. Collingwood alikabili mizinga iliyoweza kumjibu. Rawson alielekeza mizinga kwenye nyumba ya mbao kutoka mahali ambapo hakuweza kudhurika. Ufupi wa vita vile hauna cha kuchekesha. Unaeleza tu jinsi nguvu zilivyopishana.

Leo bahari hiyohiyo ina maadmirali wa namna nyingine. Aprili 2009, maharamia wa Kisomali walimteka nahodha wa Maersk Alabama, meli iliyokuwa ikileta chakula cha msaada Mombasa. Kikosi cha kimataifa kilichoshughulikia tukio lile kilikuwa chini ya Rea-Admirali Michelle Howard, aliyekuwa amekabidhiwa kazi siku chache tu kabla. Nahodha aliokolewa baada ya siku nne, maharamia watatu wakauawa. Magazeti yalizisimulia siku zile nne, hata filamu ikatengenezwa. Miaka 27 iliyozitangulia haikusimuliwa sana: Howard alihitimu chuo cha Annapolis mwaka 1982, miaka sita tu tangu chuo hicho kianze kupokea wanawake, na mwaka 1999 akawa mwanamke wa kwanza Mmarekani mweusi kuamuru manowari ya nchi yake. Mwaka 2014 alivaa nyota ya nne, cheo ambacho hakuna mwanamke aliyekuwa amekifikia katika jeshi lile.

Kwetu, Tanzania hutumia vyeo vya kiadmirali kwa wakuu wa Kamandi ya Wanamaji, na Kenya ilimteua Samson Mwathethe, mwanamaji, mwaka 2015 kuongoza majeshi yake yote ya ulinzi. Kazi ya maofisa hawa ni doria, uokoaji, ulinzi wa samaki na wa njia za meli. Ni kazi ya miaka, isiyo na siku moja ya kuandikiwa kitabu, na wanastahili waandishi watakaowafuata humo kwenye doria bila kungoja vita.

Kuhusu ile asubuhi ya Agosti 1896, kazi imebaki nchi kavu. Masimulizi yaliyozoeleka yanataja majina ya manowari zote tano, mwanamfalme, balozi na admirali. Waliokufa wanatajwa kwa idadi. Hao nao walikuwa na koo, mitaa na misikiti yao, na wajukuu zao huenda bado wako Unguja, Pemba, Mrima, Oman au ng'ambo zaidi. Ewe msomaji, kama nyumbani kwenu kuna jina la mtu ambaye wazee walisema hakurudi kutoka Forodhani siku ile, liandike pamoja na jina la aliyekusimulia, ulipeleke kwenye hifadhi ya nyaraka ya Zanzibar iliyopo Kilimani. Kumbukumbu za Rawson zilihifadhiwa zamani. Za waliokuwa mbele ya mizinga yake ni juu yetu kuzikusanya.